Dkt. Faustine Ndugulile: naibu waziri aliyetenguliwa bila maelezo, na kazi alizozifanya nje ya kiti kile

Wanajamvi, salaam.

Nimekaa na uzi huu muda mrefu kabla ya kuuandika. Kila jina la Dkt. Faustine Ndugulile linapotajwa, watu hukumbuka mambo mawili tu: kwamba aliondolewa kwenye unaibu waziri wa afya katikati ya janga la corona, na kwamba alichaguliwa kuongoza Shirika la Afya Duniani kanda ya Afrika akafariki kabla ya kukalia kiti. Yote mawili ni kweli, lakini ukiyatenganisha na miaka iliyoyatangulia unabaki na habari ya bahati, mbaya na nzuri, kana kwamba mtu huyu alikuwa akisukumwa huku na kule na mikeka ya uteuzi. Mimi ni mkazi wa Kigamboni, Dar es Salaam, nimemfuatilia tangu 2010, na nina hoja moja ninayotaka kuitetea hapa: unaibu waziri ndio sehemu ya utumishi wake inayosema machache zaidi kumhusu. Kazi iliyompeleka Brazzaville, yaliko makao ya shirika hilo kanda ya Afrika, aliifanya kabla ya kiti kile na baada yake.

Nianze na kiti chenyewe, kwa sababu wengi wetu tunakizungumzia bila kujua kimetengenezwaje. Ibara ya 55 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano inampa Rais mamlaka ya kuteua naibu mawaziri kutoka miongoni mwa wabunge, kwa idadi yoyote, baada ya kushauriana na Waziri Mkuu, na ibara hiyo hiyo inatamka kwamba naibu mawaziri hawatakuwa wajumbe wa Baraza la Mawaziri. Maana yake ni nzito. Naibu waziri anasimama bungeni Dodoma asubuhi, baada ya dua, anajibu swali la mbunge kuhusu zahanati isiyo na mganga au gari la wagonjwa lililokufa, kisha anapokea maswali mawili ya nyongeza ambayo hakuyaona kabla. Anatumwa mikoani kukagua, kuzindua, kukaripia na kutuliza. Lakini uamuzi mkubwa unapofanywa ndani ya Baraza, yeye hayumo. Anausikia ukiwa umekwisha kufanywa, na kuanzia hapo analazimika kuutetea kama wake. Ninasema hivi si kwa kuidharau nafasi hiyo, kwa maana wapo walioifanya kwa heshima kubwa, bali kwa sababu tukitaka kumpima mtu kwa miezi aliyokaa hapo, tuwe tunajua alikuwa na uwezo wa kuamua nini.

Ndugulile alizaliwa tarehe 31 Machi 1969. Alisomea udaktari Muhimbili enzi hizo kikiwa chuo kishiriki cha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, akahitimu 1997, akaendelea na shahada ya uzamili katika mikrobiolojia na elimu ya kinga ya mwili, na baadaye akapata shahada nyingine ya uzamili, ya afya ya jamii, katika Chuo Kikuu cha Western Cape nchini Afrika Kusini. Alikuwa, kwa hiyo, daktari wa maabara. Hao ni madaktari ambao mgonjwa hawaoni. Kazi yao inaanza pale sampuli inapotoka wodini. Naomba jambo hili likumbukwe, litarudi mbele.

Kazi yake ya kwanza yenye uzito wa kitaifa ni ile ambayo vijana wengi humu hawaijui kabisa. Kabla ya 2004 hapakuwa na mfumo mmoja wa damu nchini. Kila hospitali ilijitafutia. Mama akivuja damu baada ya kujifungua, au mtoto akiishiwa damu kwa malaria, ndugu ndio waliokuwa wakikusanywa pale nje ya wodi, anapimwa huyu, anakataliwa, anapimwa mwingine, na saa zinakwenda. Aliyekosa ndugu alikuwa na tatizo kubwa, na aliyekuwa na fedha alijua namna ya kuwapata watu waliokaa karibu na hospitali wakisubiri kujifanya ndugu. Damu hiyo ilipimwa kwa kadiri ya uwezo wa hospitali husika, na uwezo haukulingana. Na hii ilikuwa nchi iliyokuwa katikati ya janga la UKIMWI.

Mpango wa Taifa wa Damu Salama ulianzishwa mwaka 2004, na Ndugulile ndiye aliyekuwa meneja wake wa kwanza. Wazo lake la msingi lilikuwa rahisi kulieleza na gumu kulitekeleza: damu ikusanywe kutoka kwa watu wanaojitolea kwa hiari, wasiolipwa, walio na afya njema, na ipimwe mahali pamoja kwa viwango vinavyofanana, ili hospitali iagize chupa ya damu iliyokwisha kuthibitishwa kuwa haina virusi vya UKIMWI, homa ya ini B na C, wala kaswende. Vikajengwa vituo vya kanda: Dar es Salaam, Moshi, Mwanza, Tabora, Mbeya na Mtwara. Fedha nyingi za kuanzia zilitoka Marekani kupitia mpango wao wa kupambana na UKIMWI, hilo lisifichwe, lakini fedha pekee hazimfanyi mwanafunzi wa sekondari anyooshe mkono kwa mtu asiyemjua. Ilibidi watu waende shuleni, vyuoni, makanisani na misikitini kuwaeleza Watanzania kwamba kutoa damu hakumdhoofishi mtu na wala hakumwiti mkosi. Mimi mwenyewe nilitoa damu kwa mara ya kwanza shuleni, chini ya mwembe, kwa timu iliyokuja na gari la mpango ule, na miaka mingi baadaye ndipo nilipokuja kujua nani alikuwa ameuanzisha. Mfumo haukukamilika, na hadi leo ndugu wa mgonjwa bado huombwa kuchangia damu katika hospitali nyingi. Lakini tofauti kati ya kuombwa uchangie ili benki ijazwe na kuambiwa mgonjwa wako hatapata mpaka uonekane wewe, ni tofauti ambayo kwa mama aliye mezani hupimwa kwa dakika.

Baada ya hapo alishika madaraka mengine wizarani katika huduma za uchunguzi na maabara, akatoka, akasoma, na mwaka 2010 akagombea ubunge wa Kigamboni kwa tiketi ya CCM, akashinda.

Sasa niwaeleze Kigamboni ya wakati ule, kwa sababu ndipo alipokomazwa kisiasa. Ng'ambo ya maji, dakika chache kutoka Ikulu, tulikuwa tunaishi kama watu wa mkoa mwingine. Njia fupi ya kufika mjini ilikuwa pantoni la Magogoni, na anayeijua foleni ya asubuhi pale hahitaji kusimuliwa. Januari 2012 nauli ilipandishwa kutoka shilingi 100 hadi 200. Kwa mtu anayevuka mara mbili kila siku pamoja na watoto wa shule, hiyo ilikuwa ongezeko la kweli. Wabunge wa Dar es Salaam, Ndugulile akiwa miongoni mwao kwa sababu jimbo lililoumia lilikuwa lake, wakapinga. Waziri wa Ujenzi wakati ule alikuwa Dkt. John Magufuli, na maneno yake kwamba asiyetaka kulipa apige mbizi yakavuma nchi nzima. Nauli ilibaki shilingi 200. Ninalitaja tukio hili kwa sababu linaonyesha kwamba hao wawili walijuana kwa kupingana, karibu miaka sita kabla ya mmoja kumteua mwingine, na kwa maoni yangu linamwondolea Ndugulile ile tuhuma kwamba alikuwa mtu wa kuitikia tu.

La pili, na kubwa zaidi, lilikuwa mradi wa Mji Mpya wa Kigamboni. Kuanzia 2008 wananchi wa kata za Kigamboni, Tungi, Vijibweni, Mjimwema, Kibada na Somangila waliambiwa wasiendeleze maeneo yao kwa kuwa mji wa kisasa unakuja. Hebu fikirini maana yake. Una kiwanja, una matofali uliyoyafyatua, una watoto wanaokua, na huruhusiwi kuongeza chumba. Benki haitaki hati yako kwa sababu haijulikani kesho itakuwa ya nani. Mwaka ukapita, ukaja mwingine, ramani zikabadilishwa, ukaundwa wakala wa kuusimamia mji huo, na bado hapakuwa na fidia wala mji. Nyumba za watu zilianza kuchakaa zikingoja kubomolewa.

Katika hili mbunge wetu alitofautiana waziwazi na wizara ya ardhi ya serikali ya chama chake mwenyewe. Hakuupinga mji, alichokihoji ni taratibu: ni sheria ipi iliyozuia watu kuendeleza ardhi yao kwa miaka yote hiyo, wananchi walishirikishwa wapi, na nani atakuwa mmiliki baada ya mji kujengwa. Ni hoja za mtu aliyezoea kuuliza sampuli imetoka wapi kabla ya kusoma jibu. Hatimaye wakala ule ukavunjwa na watu wakarudi kujenga. Siwezi kusema ni yeye pekee aliyelifanikisha, kwani serikali ilibadilika mwaka 2015 na vipaumbele vikabadilika nayo, lakini kwa miaka ile ambayo kulisemea jambo hili kulimgharimu mbunge wa chama tawala, yeye alilisemea.

Kisha likaja Daraja la Nyerere, mita 680 kutoka Kurasini, lililofunguliwa tarehe 19 Aprili 2016, likajengwa kwa fedha za NSSF na Serikali. Tulifurahi, na tukaanza kulipia kulivuka. Suala la tozo ya daraja likawa wimbo wake mpya bungeni kwa miaka, na viwango vilipunguzwa mwaka 2022. Mnaopita pale mnajua kwamba mjadala haukuishia hapo.

Oktoba 2017 Rais Magufuli alipofanya mabadiliko, Dkt. Hamisi Kigwangalla akapandishwa kuwa Waziri wa Maliasili na Utalii, na nafasi yake ya Naibu Waziri wa Afya, Maendeleo ya Jamii, Jinsia, Wazee na Watoto akapewa Ndugulile, chini ya Waziri Ummy Mwalimu. Hata jina la wizara lilikuwa refu kupita kawaida, na naibu alikuwa mmoja.

Katika kipindi kile yalifanyika mambo ya maana. Aprili 2018 chanjo ya kuzuia saratani ya mlango wa kizazi ilianza kutolewa nchi nzima kwa wasichana wa miaka 14; aliyeizindua ni Makamu wa Rais wa wakati ule, Mama Samia Suluhu Hassan. Juni mwaka huo ikaanza kampeni ya Furaha Yangu, iliyowalenga hasa wanaume, ambao walikuwa hawaendi kupima virusi vya UKIMWI. Novemba 2019 Bunge likarekebisha sheria ya UKIMWI, umri wa kupima bila ridhaa ya mzazi ukashuka kutoka miaka 18 hadi 15, na kujipima mwenyewe kukaruhusiwa. Haya ni mafanikio ya wizara nzima na ya waziri wake, nami sitayapachika kwa naibu ili kuupamba uzi wangu.

Jambo moja la kipindi kile linanishughulisha zaidi. Septemba 2019 zilienea habari za kifo cha mtu Dar es Salaam kilichoshukiwa kuwa cha ebola. Wizara ikakanusha, ikasema hakuna ebola nchini. Tarehe 21 mwezi ule Shirika la Afya Duniani likatoa taarifa isiyo ya kawaida, likieleza kwamba Tanzania haikulipatia taarifa za kutosha kuhusu wagonjwa waliopimwa, na serikali yetu ikamwita mwakilishi wa shirika hilo ajieleze. Ndugulile alikuwa upande wa wizara katika mvutano huo. Miaka mitano baadaye nchi za Afrika zilimchagua kuongoza shirika lile lile katika kanda hii. Wapo wanaoliona hilo kuwa mgongano usioelezeka. Mimi naona kwamba mtu aliyewahi kukaa upande wa serikali inayoogopa kutangaza ugonjwa, kwa sababu ya utalii, mipaka na hofu ya watu, anajua kwa nini serikali hukaa kimya, na ujuzi huo ni adimu kwa mtu atakayetakiwa kuzishawishi serikali 47 zitoe taarifa mapema.

Tunafika Mei 2020. Mgonjwa wa kwanza wa corona alitangazwa tarehe 16 Machi. Takwimu za Tanzania Bara zikaacha kutolewa baada ya tarehe 29 Aprili. Mei 3, akiwa Chato, Rais alieleza hadharani kwamba sampuli za papai na mbuzi zilipelekwa maabara ya taifa kwa siri na baadhi zikaonekana kuwa na virusi, na kwa hiyo vipimo au wapimaji walikuwa na kasoro; siku iliyofuata uongozi wa maabara ukasimamishwa. Tarehe 16 Mei, miezi miwili kamili tangu mgonjwa wa kwanza, taarifa ya Ikulu ikatangaza kwamba uteuzi wa Ndugulile umetenguliwa na nafasi yake imechukuliwa na Dkt. Godwin Mollel, mbunge wa Siha. Sababu haikuelezwa. Waziri alibaki.

Sitabuni sababu. Ninachoweza kukisema ni hiki kinachoonekana kwa macho: katika wiki ambazo mjadala mkubwa wa nchi ulikuwa juu ya maabara, vipimo na sampuli, naibu waziri ambaye taaluma yake ilikuwa maabara, vipimo na sampuli hakuwa na sauti ya kuamua, na mwishowe hakuwa na kiti. Nimeieleza hapo juu ibara ya 55 kwa sababu hii. Tulikuwa na mtaalamu wa mikrobiolojia serikalini wakati wa janga la virusi, na tulikuwa tumemweka mahali ambapo Katiba inasema hatakuwa mjumbe wa Baraza. Jambo hili bado linaniuma.

Aliporudi jimboni hakuitisha mkutano na waandishi wa habari, hakutoa fumbo mtandaoni, hakuhama chama. Aligombea Oktoba mwaka ule, akashinda, na Desemba Rais yule yule akamteua kuwa Waziri kamili wa wizara mpya ya Mawasiliano na Teknolojia ya Habari.

Kuhusu miezi yake tisa ya uwaziri kamili nitasema kwa ufupi, na sitasema kwa upendeleo. Haikuwa miezi mizuri. Aprili 2021 vifurushi vipya vya intaneti vilizua kelele kubwa vikasitishwa siku hiyo hiyo. Julai zikaanza tozo za miamala ya simu, ambazo chimbuko lake lilikuwa Sheria ya Fedha na wizara ya fedha, lakini wizara ya mawasiliano ilikuwamo katika utekelezaji, na hasira ya wananchi haikuchambua wizara. Viwango vilishushwa kwa asilimia 30, na tarehe 12 Septemba Rais Samia akamteua Dkt. Ashatu Kijaji kushika wizara hiyo. Ndugulile akarudi viti vya nyuma kwa mara ya pili ndani ya miezi 16.

Na hapo ndipo, kwa maoni yangu, alipofanya kazi yake bora ya kisiasa. Mbunge asiye na wizara ana uhuru ambao naibu waziri hana: anaweza kuhoji bajeti ya afya iliyo chini ya ahadi za nchi, anaweza kukaa kwenye kamati na kuita watendaji, anaweza kwenda kwenye mikutano ya Umoja wa Mabunge Duniani na kuzungumza na wabunge wa nchi nyingine kama daktari na kama mwanasiasa kwa pamoja. Alikuwa mjumbe wa kundi la ushauri wa masuala ya afya la umoja huo kwa miaka. Watu aliokutana nao huko ndio, baadaye, waliomfahamu alipokuja kuomba kura.

Tarehe 27 Agosti 2024, katika kikao cha 74 cha Kamati ya Kanda ya Afrika ya Shirika la Afya Duniani kilichofanyika Brazzaville, alichaguliwa kumrithi mkurugenzi wa kanda, Dkt. Matshidiso Moeti wa Botswana. Alishindana na Dkt. Ibrahima Socé Fall wa Senegal, Dkt. N'da Konan Michel Yao wa Côte d'Ivoire na Dkt. Richard Mihigo wa Rwanda, na wote watatu walikuwa watu wenye uzoefu mkubwa wa mashirika ya kimataifa. Kabla yake hapakuwahi kutokea mtu wa Afrika Mashariki katika kiti hicho. Alitakiwa kuthibitishwa na Bodi ya Utendaji ya shirika hilo mwanzoni mwa 2025 na kuanza kazi Machi.

Hakufika huko. Alfajiri ya tarehe 27 Novemba 2024, miezi mitatu kamili baada ya uchaguzi, Spika Tulia Ackson alitangaza kwamba amefariki akiwa nchini India alikokuwa akitibiwa. Alikuwa na miaka 55. Siku ya mazishi huku kwetu maduka mengi yalifungwa, na nilisimama barabarani pamoja na watu ambao nina hakika hawakumpigia kura hata mara moja.

NYONGEZA, baada ya kusoma michango yenu ya kurasa mbili za kwanza.

Mchangiaji mmoja ameandika kwamba ukimya wake baada ya Mei 2020 ulikuwa woga, na kwamba mtaalamu aliyejua ukweli alipaswa kuusema hata kama ungemgharimu. Ndugu yangu, hoja yako ni nzito na sitaipuuza. Nimeifikiria usiku mzima. Ni kweli kwamba madaktari wachache sana walisema lolote kipindi kile, na kwamba watu walikufa. Lakini tuutazame ukimya wenyewe ulikuwa wa namna gani. Hakusimama kuikana taaluma yake. Hakuandika makala ya kusema alichokijua si kweli ili arudishiwe kiti. Alinyamaza. Kwa naibu waziri aliyetenguliwa, ambaye hajui kama alitenguliwa kwa kosa au kwa hesabu za kisiasa, kunyamaza kulikuwa njia pekee ambayo haikumlazimisha kusema uongo upande wowote. Huenda wewe ungechagua vingine, na huenda ungekuwa sahihi. Mimi sipati ujasiri wa kumhukumu kwa hilo.

Mwingine amesema ushindi wa Brazzaville ulikuwa wa diplomasia ya Serikali, si wake. Ni kweli kwamba Serikali ilimteua kuwa mgombea, ilimfanyia kampeni, na kura zile hupigwa na nchi. Lakini kila mgombea pale alikuwa na serikali nyuma yake. Na kama kura zilitegemea diplomasia peke yake, jiulize kwa nini Mei 2025, uchaguzi uliporudiwa Geneva, Tanzania ilimsimamisha tena daktari bingwa, Profesa Mohamed Janabi, na akashinda. Nchi yetu imeshinda kiti hicho mara mbili mfululizo kwa kuweka mbele mtu ambaye wasifu wake wa kitabibu unajieleza wenyewe. Nadhani hilo linaunga mkono ninachokisema kuliko kukipinga.

Ameuliza pia dada mmoja kama naibu waziri ana faida yoyote, kwa jinsi nilivyoeleza. Dada yangu, anayo, hasa kwa mbunge mwenye swali la zahanati. Ninachokipendekeza ni kidogo: tunapokuwa na mtaalamu wa jambo fulani kwenye kiti kile na jambo hilo likatokea kuwa dharura ya nchi, aitwe ndani ya kikao. Katiba inasema si mjumbe, lakini kualikwa kutoa ushauri ni jambo jingine, na ningependa wanasheria waliomo humu watueleze kama kuna kanuni inayozuia.

Ombi langu la mwisho ni kwa waliofanya kazi Damu Salama kati ya 2004 na 2006, madereva, wauguzi, wataalamu wa maabara na waliokuwa wakienda mashuleni kuhamasisha. Habari za bungeni zimehifadhiwa kwenye kumbukumbu rasmi na kila mtu anaweza kuzisoma. Zenu hazijaandikwa popote ninapopajua. Tafadhali ziandikeni hapa chini, hata kama ni mstari mmoja, mkitaja kituo na mwaka.